Vumbi la Momella

Uko Ngamiani, uko Chumbageni, uko Raskazone unapunga upepo, au uko hapa hapa kwetu Mabawa umekaa barazani na kikombe cha kahawa, karibu kwenye mazungumzo. Jioni hii namzungumzia mtu ambaye maisha yake yote yalikuwa picha, na namzungumzia kwenye redio, ambako hutaona hata picha moja. Utanivumilia.

Mtu mwenyewe ni Mmarekani, Russell Harlan. Najua jina hilo halikuambii kitu, wala si kosa lako. Sisi watu wa pwani tulipokuwa tukienda sinema tulimjua stelingi, tulimjua adui, na kwenye picha za Kihindi tulimjua na mwimbaji. Aliyesimama nyuma ya kamera hakuna aliyemuulizia. Lakini mtajie mzee yeyote aliyekulia kwenye kumbi zile filamu iitwayo Hatari!, usikie. Atakueleza John Wayne alivyokaa ubavuni mwa lori na mti wenye kitanzi mkononi, atakueleza faru alivyoupiga mlango wa gari kwa pembe, na vumbi, na twiga wakikimbia utadhani wanaogelea. Vyote hivyo anavyokusimulia ni kazi ya mkono wa Harlan, na mzee hajui.

Hatari! ilitoka mwaka 1962. Ilipigwa hapa hapa Tanganyika mwishoni mwa 1960 na mwanzoni mwa 1961, sehemu kubwa pande za Arusha: Momella chini ya Mlima Meru, Manyara, Ngorongoro, Serengeti. Ile reli iliyoanza kujengwa hapa Tanga mwaka 1893, ikapanda taratibu hadi Mombo, ikafika Moshi, ikaishia Arusha mwaka 1929, ncha yake ya pili iko huko walikofanyia kazi. Mwongozaji alikuwa Howard Hawks. Hadithi ni ya kundi la wazungu wanaokamata wanyama hai ili wapelekwe kwenye bustani za wanyama ng'ambo. Kazi hiyo ilikuwapo kweli enzi hizo, na walimchukua mkamataji halisi, Willy de Beer, awafundishe.

Niseme ukweli wangu mapema: hadithi yenyewe ni nyepesi. Inakwenda zaidi ya saa mbili na nusu, na robo tatu ya hapo watu wanakunywa, wanataniana, wanawania msichana. Mwandishi wake, mama mmoja hodari aitwaye Leigh Brackett, alikuwa akiandika huku kazi inaendelea, kwa sababu faru hapewi karatasi akasoma zamu yake. Kwa hiyo ukitaka kuipenda filamu hii kwa hadithi utachoka. Itazame kwa macho ya aliyeipiga, hapo ndipo penye utamu.

Harlan alizaliwa Los Angeles mwaka 1903. Hakuanza na kamera. Alianza kama mmoja wa wale wanaoanguka kutoka juu ya farasi kwa niaba ya stelingi, ili stelingi asivunjike shingo. Nalishikilia hili kwa sababu linaonekana katika kila alichokifanya baadaye. Mtu aliyewahi kuanguka mwenyewe anajua kamera ikae wapi ili anguko lionekane ni anguko. Miaka ya 1930 akapata kazi kwenye mfululizo wa filamu za kauboi za Hopalong Cassidy, picha za bei nafuu zilizopigwa haraka haraka nje ya mji, juani, bila taa nyingi wala muda wa kubembeleza mambo. Huko ndiko chuo chake. Alijifunza jua linakaa wapi saa tatu asubuhi na linakwenda wapi saa kumi, na farasi akipita mbele ya jua vumbi lake linafanya nini.

Kisha Howard Hawks akamwita kwenye Red River, filamu ya kauboi iliyotoka 1948, yenye ng'ombe maelfu wanaoswagwa kutoka Texas kwenda kaskazini. Mna humo mazishi mafupi ya mchunga ng'ombe mmoja. John Wayne amesimama kaburini anasema maneno ya kumwombea maiti, na nyuma yao kuna kilima. Wakati anasema, kivuli cha wingu kinapita juu ya kilima kile, giza linaingia pole pole kisha linatoka. Watu wengi walidhani ni ujanja wa maabara. Ni wingu la Mungu tu. Walikuwa tayari, wakaliona linakuja, wakaharakisha maneno ya mazishi ili yakutane nalo. Mpigapicha wa aina nyingine angesimamisha kazi na kusubiri mwanga utulie kwanza. Harlan aliacha mbingu iingie kwenye picha.

Mwaka 1950 ikatoka nyingine ndogo, Gun Crazy, ya mwongozaji Joseph H. Lewis, na hii watu wa fani wanaizungumza mpaka leo. Mume na mke wanakwenda kuiba benki. Kwa zaidi ya dakika tatu picha haikatwi. Sisi watazamaji tumekaa kiti cha nyuma cha gari pamoja nao: tunaingia mjini, tunatafuta pa kuegesha, mume anashuka, mke anatoka kumzubaisha askari aliyesimama pale, kengele inalia, mume anarudi mbio, gari linaondoka. Benki kwa ndani hatuioni kabisa. Ili kufanya hivyo walichukua gari kubwa la Cadillac, wakang'oa kila kitu nyuma ya viti vya mbele, wakatandika mbao zilizopakwa grisi, na mshika kamera akakalia tandiko la farasi juu ya mbao zile, akisukumwa mbele na kuvutwa nyuma. Mafundi wa sauti walifungwa juu ya paa. Wapita njia wengine hawakujua kama ni filamu, wakadhani benki imeibiwa kweli.

Tandiko la farasi ndani ya Cadillac! Mambo hayo hayawezi kubuniwa na mtu asiyewahi kupanda farasi.

Sasa shika hilo gari la 1950, msikilizaji, twende nalo Momella, maana miaka kumi baadaye Harlan alifanya jambo lile lile, ila badala ya benki kuna faru. Mpango wa Hawks ulikuwa kwamba waigizaji wawakamate wanyama wenyewe, bila kuweka watu wa kuwavalia nguo. Kwa hiyo kamera haikuwa na nafasi ya kudanganya. Kuna lori la kukamatia, na kwenye ubavu wake wa mbele pamefungwa kiti, hapo ndipo anapokaa John Wayne na mti wake mrefu wenye kitanzi. Kuna gari jingine dogo linalozunguka kumzuia mnyama asikate kona. Na kamera nayo iko juu ya gari, inakimbia kwenye mashimo yale yale, kwenye mawe yale yale. Huwezi kusema "rudia". Faru akishachoka amechoka, na akishaamua kuligeukia gari ameamua.

Angalia basi anavyoipanga ile mbio ya mwanzo kabisa wa filamu. Inaanza kwa utulivu, watu wamesimama juu ya gari wanaangalia kwa darubini, uwanda umelala. Halafu injini zinawaka, na kuanzia hapo jicho letu linawekwa chini, karibu na usawa wa bega la mnyama. Hatutazami kutoka juu kama watalii wa ndege. Tunakimbia naye sambamba. Ardhi ya mbele inapita upesi mpaka haina sura, mlima kule nyuma haujongei kabisa, na kati ya viwili hivyo yuko faru, mzito, anayumba. Ndiyo siri ya mwendo kwenye picha: lazima kitu kimoja kisimame ili kingine kionekane kinakimbia. Harlan alikuwa na Meru, alikuwa na kingo za Ngorongoro, akavitumia. Ukiipiga mbio ile mahali tambarare pasipo mlima wala mti, gari litaonekana limekwama.

Na vumbi. Fundi yeyote wa kamera atakwambia vumbi ni adui, linaingia kwenye lenzi, linakwaruza filamu ndani ya kasha. Lakini vumbi lina tabia mbili. Jua likiwa nyuma yako wewe unayepiga, vumbi linageuka ukuta wa rangi ya udongo, humwoni mnyama wala gari. Jua likiwa mbele yako, nyuma ya vumbi, linawaka, na kila kilicho ndani yake kinachorwa ukingo wa mwanga, pembe, masikio, kofia, kamba. Yule kijana wa filamu za kauboi wa miaka ya 1930 alilijua hilo zamani, na ndiyo maana katika mbio zake nyingi unaona mnyama ametengana na nchi kama amekatwa kwa mkasi.

Jua letu lakini lina kiburi chake. Saa sita mchana liko utosini, na mtu aliyevaa kofia pana uso wake unakuwa giza tupu kuanzia nyusi hadi kidevu. Studio wana dawa ya jambo hilo, taa au vioo vya kurudishia mwanga usoni. Juu ya lori linalokimbia hakuna wa kukushikia kioo. Kwa hiyo nyuso za waigizaji kwenye mbio mara nyingi hazionekani vizuri, na mimi naona ndivyo inavyopasa. Tunawatambua kwa migongo na kwa namna wanavyoshikilia gari. Halafu wanarudi nyumbani Momella usiku, na vyumba vile vya ndani, ambavyo vilipigwa studio Hollywood, vina mwanga wa taa wa rangi ya asali na kila uso umeoshwa. Ukishajua, unaona mshono: nje ni Tanganyika, ndani ni California. Wapo wasiojali. Mimi unanisumbua kila mara.

Hapa naomba niliache lori la Harlan nishuke njia hadi kwetu, kwa sababu mkoa huu una habari yake ya kamera, na ni ya zamani kuliko Hatari! kwa miaka ishirini na tano.

Ukipanda kutoka Korogwe kwenda milima ya Usambara unafika Vugiri. Kati ya 1935 na 1937 hapo palikuwa na makao ya jambo lililoitwa Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Fedha nyingi zilitoka kwa shirika la Carnegie la Marekani, wamishonari wamo, serikali za makoloni zimo. Aliyeongoza kazi ya kupiga filamu alikuwa Major L. A. Notcutt, na mwenzake wa upande wa elimu alikuwa G. C. Latham, aliyekuwa mkubwa wa elimu ya Waafrika kule Rhodesia ya Kaskazini. Huyu Notcutt alikuwa mtu wa mkonge. Alikuwa meneja wa mashamba, na wazo la sinema lilimjia huko huko, kwamba pengine burudani ya picha ingewafanya vibarua watulie wasikimbie shamba. Nyie mnaojua mkonge, nyie ambao babu zenu walikata mkonge, mnaelewa kwa nini vibarua walikimbia.

Kwa miaka ile michache Vugiri ilitoa filamu fupi thelathini na tano hivi. Za kilimo, za kodi, za benki ya posta, za minyoo ya safura, za malaria ya watoto, na nyingine za hadithi. Walitumia filamu nyembamba ya milimita 16 kwa sababu ni rahisi, wakarekodi maelezo kwenye sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo, halafu lori lenye jenereta likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini likionyesha usiku viwanjani. Vijana wa Kiafrika walifundishwa kusafisha filamu na kuichapa pale pale mlimani. Hilo nawapa haki yao. Maabara ya filamu Usambara mwaka 1935, na wanaoifanyia kazi ni watu wa huku, si jambo dogo.

Ila kulikuwa na imani moja iliyowatawala wataalamu wa filamu wa kikoloni, tangu wakati huo hadi ile Colonial Film Unit iliyoanzishwa London mwaka 1939. Waliamini mtazamaji wa Kiafrika hawezi kufuata picha zinazokwenda upesi. Kwa hiyo piga pole pole, weka jambo moja katika picha moja, usikatekate, usimsogelee mtu karibu sana, kwa maana ukimwonyesha mbu mkubwa ukutani Mwafrika atasema kwetu hakuna mbu wakubwa hivyo. Hadithi hizo za mbu walizisimuliana wenyewe kwa wenyewe kama ushahidi wa kisayansi.

Na wakati huo huo, huku chini pwani, watu walikuwa wanalipa pesa zao kuingia sinema! Unguja walikuwa na jumba kubwa la Royal tangu 1921. Miji ya pwani ilikuwa inatazama kauboi na mapanga na picha za Bombay zenye mbio juu ya paa za treni, na hakuna aliyepotea njia. Mtu wa Unguja anafuata mbio za farasi zilizokatwa vipande mia, kisha mtaalamu anakaa Vugiri anaandika kwamba akili ya mtu huyo haiwezi. Hawakuja kuuliza. Ingewatosha kushuka mlima na kununua tiketi.

Filamu nyingi za Vugiri zimepotea. Chache zilizosalia zimehifadhiwa Uingereza, mojawapo ikiwa ya mashamba ya Kingolwira, Morogoro, nyingine ya safura, nyingine ya mafunzo ya utabibu wa mifugo. Ni picha safi, zimepangwa vizuri, na zinachosha. Watu wanaonyeshwa kwa mbali, wanafanya walichoambiwa, na kamera imesimama kama karani anahesabu.

Naziweka karibu na Hatari! kwa makusudi. Notcutt alimtazama mwenyeji na akamshuku jicho lake. Harlan alimheshimu mtazamaji, yeyote awaye, akampa mbio ngumu bila kumtafunia. Lakini Harlan mwenyeji hakumtazama sana. Hapo nitamsema, ingawa nampenda.

Fikiria ni miezi gani ile. TANU ilikwisha kushinda uchaguzi wa Agosti 1960 viti vyote isipokuwa kimoja. Mwalimu Nyerere alikuwa Waziri Kiongozi tangu Septemba. Nchi nzima ilikuwa inahesabu siku. Septemba 1961, miezi michache tu baada ya watu wa sinema kufungasha, Mwalimu alitoa pale pale Arusha tamko lake maarufu juu ya wanyama pori, kwamba ni amana na kwamba serikali mpya itawalinda. Desemba tukapata Uhuru. Ndani ya filamu hakuna hata harufu ya mambo hayo. Wenyeji wamo, wanashika kamba, wanapanda nyuma ya lori, wanacheza ngoma na kumpa mwanamke wa Kizungu jina la Mama Tembo, na Kiswahili kinasemwa, wakati mwingine vizuri kabisa. Lakini wako pembeni mwa fremu, na mara nyingi wako gizani.

Giza hilo si la bahati mbaya tu, lina ufundi wake. Filamu ya rangi ya siku zile ilihitaji mwanga mwingi, na viwanda viliipima kwa ngozi nyeupe. Kodak walikuwa wakizipelekea maabara kadi ya kupimia rangi yenye sura ya mwanamke mzungu, na rangi zikikaa sawa usoni pake basi kazi imekwisha. Sasa mpigapicha akibana lenzi yake ili stelingi mwekundu wa jua asiungue kwenye picha, mwenzake mweusi aliyekaa kivulini nyuma yake anazama. Macho na meno yanabaki, mengine yanapotea. Dawa ilikuwepo: msogeze mtu yule kwenye mwanga, au mpe picha yake peke yake, ipimwe kwa uso wake. Hilo ni suala la nani unaona anastahili kusogezwa. Harlan alikuwa na ustadi wa kulidaka wingu likipita juu ya kilima. Ustadi wa kumsogeza mshika kamba hatua mbili kwenye jua alikuwa nao pia. Hakuutumia.

Wanangu mnaoshuti harusi hapa Mabawa, nyie ndio ninaowasema sasa, nisikilizeni. Mna kamera ambazo Harlan asingeziota, zinaona usiku, zinaruka hewani. Na bado mnamwashia bi harusi taa usoni mpaka anatoka kama kachovywa kwenye unga, hina haionekani, shangazi zake waliokaa nyuma hawaonekani, na somo yake ndiyo kabisa. Zimeni hiyo taa. Mkalisheni pembeni ya dirisha, mwanga uje kwa ubavu, ngozi yetu inapokea mwanga wa ubavu vizuri mno. Mtu mweusi anapigwa kwa kung'aa kwake, kwenye shavu, kwenye paji, hapigwi kwa kumwagiwa mwanga. Kama hamniamini mimi, tafuteni picha za Kihindi za zamani, zile nyeusi na nyeupe ambazo mama zenu walizililia. Tazameni Awaara ya 1951, ambayo pwani hii yote iliijua. Aliyeipiga ni Radhu Karmakar. Tazameni anavyowasha nusu ya uso na kuiacha nusu nyingine ijitafutie.

Turudi kwa Harlan, maana nusu ya uso inanipeleka kwenye kazi yake nyingine, na nadhani ndiyo kubwa kuliko zote.

Mwaka ule ule wa 1962, wakati Hatari! imejaa jua na rangi, ilitoka na To Kill a Mockingbird, nyeusi na nyeupe, ya mwongozaji Robert Mulligan. Mji mdogo wa kusini mwa Marekani, wakili anamtetea mtu mweusi aliyesingiziwa, na yote tunayaona kwa macho ya watoto wa wakili. Mji mzima ulijengwa uwanjani mwa studio. Mtu aliyetoka kukimbizana na faru uwanda mzima sasa amefungiwa mtaa mmoja wa mbao, na ungedhani ndiye fundi wa vivuli tangu azaliwe. Kamera iko chini, kimo cha mtoto. Kivuli cha mtu kinapita juu ya mtoto aliyejikunyata barazani, mwenye kivuli hatumwoni. Usiku wa hatari yenyewe, msichana anatembea porini amevaa vazi la sherehe lililomfunika mwili mzima, lina tundu tu la macho, na Harlan anatupa majani, miti, mkono, vipande ambavyo macho ya mtoto aliyefungwa vile yangeweza kuvidaka. Kisha, nyumbani, kuna mtu amesimama nyuma ya mlango chumbani. Mlango unasogezwa, mwanga unamfikia, na uso uliokuwa ukiogopwa filamu nzima unatoka kwenye kivuli, mweupe, mpole, wenye haya. Hakuna muziki unaoweza kufanya hivyo.

Kwa hiyo Aprili 1963, usiku wa Oscar, Russell Harlan alikuwa akiwania sanamu mbili kwa filamu mbili za mwaka mmoja, ya rangi kwa Hatari! na ya nyeusi na nyeupe kwa Mockingbird. Afrika Mashariki ilikwisha kumpa mtu sanamu ile, Robert Surtees, kwa King Solomon's Mines ya 1950, iliyopigwa Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo. Harlan hakuwa na bahati hiyo. Ya rangi ilichukuliwa na Freddie Young kwa Lawrence of Arabia, Mwingereza ambaye jina lake limo pia kwenye filamu ya Mogambo, na ambaye mwaka 1956 alikuwa amepiga filamu moja pamoja na Harlan mwenyewe, Lust for Life, juu ya mchoraji Van Gogh. Hapo sibishi. Jangwa la Young ni jangwa la Young. Ya nyeusi na nyeupe wakapewa Jean Bourgoin na Walter Wottitz kwa The Longest Day, filamu ya vita yenye majeshi mengi na meli nyingi.

Harlan aliteuliwa mara sita maishani mwake, kuanzia The Big Sky ya 1952 hadi Hawaii ya 1966. Hakupata hata moja. Filamu yake ya mwisho ilitoka 1970, na akafariki Februari 1974. Huku kwetu alikuja mara ile, akapiga, akaondoka, kama tunavyosema Tanga, waja leo waondoka leo. Mwigizaji mmoja wa Hatari!, Mjerumani Hardy Krüger, ndiye aliyeshindwa kuondoka. Alinunua shamba Momella akaishi hapo miaka, na leo pana loji ya watalii inayobeba jina la filamu.

Mimi nasema ile sanamu ya nyeusi na nyeupe mwaka 1963 walikosea kuipeleka walikoipeleka. Meli hata zikiwa elfu haziwezi kuushinda ule mlango mmoja. Najua pale Chumbageni yuko mzee mmoja aliyeipenda The Longest Day kuliko wanawe, na najua ananisikiliza. Namba ya studio mnayo, laini ziko wazi, na tuna nusu saa kabla ya taarifa ya habari. Haya, nani wa kwanza?